Mzee Makokha, Bwana Mbao na Mimi Nyuma ya Shuka

Kwanza mnivumilie mwandiko. Niliishia darasa la nane, na hata huko mwalimu alikuwa akisema herufi zangu zinatembea kama ng'ombe wanaopelekwa josho, wengine wanarudi nyuma. Naandika polepole, ukurasa mmoja kwa vikombe viwili vya chai. Mkikuta neno nimeliandika vibaya, lisomeni kwa sauti kubwa. Maneno yangu mengi huwa sawa yakisikika kuliko yakionekana, na hata mimi mwenyewe nilikuwa hivyo kazini.

Nawaandikia nyinyi vijana mnaotafsiri filamu siku hizi, mnaorekodi kwa simu mkiwa chumbani na kuzituma kwa watu msiowaona. Mmoja wenu aliniuliza juzi hapa Langas, mtaa wa Eldoret, "Buda, ati mlikuwa mnatafsiri na watu wamekaa hapo hapo mbele yenu?" Nikamwambia ndiyo. Akaniangalia kama nimemwambia nilizaliwa kabla ya mvua. Sasa nina miaka thelathini na tatu. Nimestaafu kabla ya kuota mvi, kwa sababu kazi yenyewe ndiyo iliyozeeka.

Nilikuja Langas kutoka Soy nikiwa na miaka kumi na tisa, kukaa kwa dada yangu. Nilikuwa mtu wa aibu. Mtu akiniuliza jina nilikuwa naangalia viatu vyangu, kana kwamba limeandikwa hapo. Dada alichoka kunilisha nikiwa kimya, akanipeleka kwa Mama Rose, mwenye ukumbi wa video. Ukumbi ni neno kubwa. Ilikuwa nyumba ndefu ya mabati, fomu za mbao za kukalia zimepangwa kama za kanisa, na mbele kuna shuka nyeupe imetundikwa kwenye waya wa nguo. Projekta ilifungwa juu kwenye mti wa paa. Nyuma ya shuka kulikuwa na chumba chembamba cha mashine: deki ya kuchezea sidi za filamu, ampli ya kukuza sauti, na betri ya gari.

Mama Rose aliniangalia toka juu hadi chini. "Huyu anaongea?"

"Akitaka," dada akasema.

"Basi akae nyuma. Nyuma hakuna haja ya kutaka."

Siku ya kwanza nilifagia maganda ya njugu, nikafuta sidi kwa shati langu, nikaonyeshwa kwamba sidi hufutwa kutoka katikati kwenda nje na si kuzungusha kama sufuria. Ile niliyozungusha ilikwama siku hiyo hiyo mahali jambazi anafungua mlango. Alifungua huo mlango mpaka watu wakaanza kumsaidia kuhesabu. Tangu siku hiyo nafuta hata miwani ya watu kutoka katikati kwenda nje.

Kwa kuwa nilikaa nyuma ya shuka, nimeziona filamu zote za maisha yangu zikiwa zimegeuka. Kwangu mimi kila mtu duniani anapiga ngumi kwa mkono wa kushoto.

Mtafsiri wetu aliitwa Mzee Makokha. Alikuwa mtu wa upande wa Webuye, aliyekuja Eldoret kuvunja mawe, mgongo ukakataa mawe, akapata kazi ya mdomo. Alikaa mbele, kando ya shuka, juu ya kiti kirefu cha baa, maiki mkononi, amegeuzia watu uso nusu na filamu uso nusu. Tulikuwa tunazima sauti ya filamu, yeye anaongea badala ya kila mtu: jambazi, polisi, mama mzazi, farasi. Hakutafsiri kile walichosema, kwa sababu hata yeye Kiingereza hakikumzoea. Alitafsiri kile ambacho wangesema kama wangekuwa watu wa Langas. Jambazi wa Amerika alikuwa anatoroka na kujificha Cheptiret. Mapenzi yalivunjika kwa sababu ya mahindi. Watu walikuja kumwangalia yeye kama walivyokuja kuangalia filamu.

Kila mara alianza na maneno haya: "Tulieni, watu wa Langas, tulieni. Kukojoa kulikuwa kwa mapema." Kisha anavuta pumzi ndefu, unaisikia kwenye spika, na hapo hata watoto wa mgongoni wananyamaza.

Filamu iliyopendwa kuliko zote haikuwa ya vita. Ilikuwa fupi, ya kuchekesha, ya zamani sana, nyeusi na nyeupe, ya wakati filamu zimeanza tu kusema. Ilikuwa mwishoni mwa sidi moja ya vichekesho ambayo Mama Rose aliipata ndani ya deki aliyoinunua ikiwa imetumika. Mle ndani kuna bwana mmoja mwembamba mwenye koti la mkia, amembeba mwanasesere wa mbao mwenye macho makubwa. Wanaingia hoteli. Yule bwana anamkalisha mwanasesere kwenye goti, mkono wake umeingia mgongoni kwa mwanasesere, halafu mwanasesere anaanza kuongea na bwana amefunga mdomo kabisa. Hata anakunywa glasi ya maji yote huku mwanasesere anaendelea kupiga kelele. Mwanasesere anaagiza chakula, anamtukana mhudumu, anaomba kiti chake mwenyewe. Mhudumu anakasirika na mwanasesere, anajibizana naye, wanapatana, wanakuwa marafiki. Mwisho mhudumu anamtupa yule bwana nje, anabaki na mwanasesere.

Mzee Makokha alimwita bwana yule Mwalimu, kwa sababu ya koti, na mwanasesere akamwita Bwana Mbao wa kutoka Soy. Sauti ya Bwana Mbao ilikuwa nyembamba, ya kulalamika, kama ya mtu aliyekaliwa. "Mwalimu, tangu tutoke Soy hujanipa hata chapati. Ati mimi ni mbao. Mbao haisikii njaa? Uliza mchwa!" Watu walikuwa wanajua kila neno, na bado walicheka.

Lakini ule mwisho Mzee Makokha hakuupenda. Akifika pale bwana anatupwa nje, alikuwa anasema, "Mwalimu ametoka kidogo kununua sahani ya madondo, anarudi saa hii," na anatuma ishara nizime haraka. Niliwahi kumuuliza kwa nini. Akasema, "Sipendi kuona mtu akitolewa kwenye kazi yake watu wakicheka."

Alinifundisha bila kuniita mwanafunzi. Alinifundisha kwamba mtu akilia kwenye filamu usilie naye, ongea polepole tu, watu watalia wenyewe. Kwamba wawili wakiongea pamoja, chagua mwenye makosa, ndiye watu wanataka kumsikia. Kwamba usimtukane mtu aliyekaa fomu ya mbele, kwa sababu amelipa na yuko karibu. Na kwamba chai ya mtafsiri haiwekwi maziwa mengi, maziwa yanashika kooni.

Koo lake ndilo lililoleta shida. Ilianza kama uvimbe mdogo aliokuwa anaufunika kwa skafu. Baadaye akaanza kukwama katikati ya maneno. Akapelekwa hospitali, akapasuliwa, akarudi na kitambaa shingoni na sauti ambayo haikuwa sauti, ilikuwa kama pumzi inayotoka kwenye tairi. Daktari alimwambia huenda itarudi, huenda haitarudi, angoje.

Kungoja ni kazi ya mtu mwenye kazi nyingine. Mgongo wake haungeweza mawe tena. Mke wake, Mama Brenda, alikuwa na watoto shuleni na kibanda cha mboga ambacho mvua ilikuwa inakila kidogo kidogo. Na Mama Rose alikuwa tayari ametembelewa na kijana mmoja wa mjini mwenye miwani ya jua, aliyetafsiri kwa haraka mno na kucheka vichekesho vyake mwenyewe. Mama Rose hakumtaka, lakini fomu zilikuwa tupu. Alisema atasubiri mpaka mwisho wa mwezi.

Asubuhi, kabla ya watu, mimi nilikuwa na tabia ambayo hakuna aliyeijua. Nilikuwa nikifuta sidi naweka ile filamu ya mwanasesere, nachukua maiki bila kuwasha spika kubwa, na kuongea kama Mzee Makokha. Mbele ya mtu singeweza kusema jina langu. Nyuma ya shuka, peke yangu, nilikuwa naweza kusema lolote mradi liwe katika sauti yake: kile Kiswahili chake cha Webuye kinachogonga, ile pumzi ndefu, ule mtindo wa kushusha neno la mwisho chini kama mtu anayeweka debe la maji.

Asubuhi moja nikaona viatu chini ya shuka. Viatu vyeusi, kimoja kina kamba ya katani. Nikanyamaza papo hapo. Nikasikia ile pumzi ya tairi:

"Endelea."

Nikanyoosha mkono kuzima deki.

"Endelea, kijana. Usinikatize."

Nikafumba macho, nikaendelea. Bwana Mbao akaomba chapati. Nilipofungua macho nikachungulia kando ya shuka. Mzee Makokha alikuwa amepanda kiti chake kirefu, maiki nyingine iliyokufa mkononi, anafungua na kufunga mdomo. Wakati huo huo Mama Rose akaingia na trei ya mayai ya kuchemsha. Akasimama mlangoni.

"Makokha! Umepona! Mungu wangu, umepona!"

Mzee akafunga mdomo. Mimi, kwa woga, nikamalizia sentensi. Mama Rose akaangalia mdomo uliofungwa, akaangalia shuka, akaweka mayai kwenye fomu, akakaa kando yake. Alicheka mpaka akashika kifua.

"Hapana," akasema akifuta machozi. "Hapana, nyinyi ni wezi." Kisha, baada ya kufikiri kidogo: "Jumamosi mnaweza?"

Tulijifunza kwa ile filamu fupi, kwa sababu ndiyo shule pekee tuliyokuwa nayo. Tulimwangalia mwanasesere na si bwana. Tuligundua mwanasesere hafungui mdomo kwa kila herufi. Anafungua mara moja kwa neno, mara nyingine mara moja kwa maneno mawili, na macho ya watu yanajaza yaliyobaki. Mzee Makokha alikaa na kioo cha kunyolea akijifunza kuwa mbao. Maiki aliiweka karibu na midomo ili ifunike nusu. Mimi nilitoboa shuka kwa msumari, tundu dogo la kumwona yeye. Tukafunga uzi wa kushonea magunia: upande mmoja kwenye kidole changu gumba, upande mwingine kwenye kidole chake cha mkono wa kushoto, umepita chini ya shuka. Akivuta mara moja, ngoja, watu wanacheka. Mara mbili, endelea. Akivuta kwa hasira, umekosea lakini usirudi nyuma.

Mtu angeuliza nani kati yetu alikuwa mwanasesere. Mimi ndiye nilikuwa naongea, lakini uzi ulikuwa kwenye kidole changu.

Jumamosi hiyo watu walimpigia makofi alipopanda kiti. Nilisema, "Tulieni, watu wa Langas," nikasikia fomu zikitulia, nikavuta ile pumzi ndefu.

Tulifanya hivyo zaidi ya mwaka. Siku moja nilipiga chafya katikati ya harusi ya filamu, na Mzee Makokha, bila kupoteza hata dakika, akatoa kitambaa akafuta pua yake mwenyewe. Siku nyingine yeye alikohoa na mimi nikaendelea kuongea. Mwendesha boda mmoja aliyeitwa Chumvi, aliyekuwa na mdomo mrefu kuliko barabara ya Nakuru, akasema kwa sauti, "Huyu mzee anakohoa kwa pua?" Watu wakacheka, tukapona.

Lakini kila jioni tukikunja nyaya nilimwona Mzee Makokha akikaa kidogo kwenye kile kiti, mkono shingoni, akijaribu. Hakuna kilichotoka. Niliwahi kumwambia tuwaambie watu ukweli, ni watu wazuri. Alitikisa kichwa.

"Hapa juu mimi ni Makokha," alisema kwa ile pumzi. "Nikishuka, mimi ni mgonjwa tu."

Na mimi, ukweli ni kwamba nilifurahi aliposema hivyo. Ukweli ungenitoa nyuma ya shuka.

Sasa mjue kuhusu betri. Stima ya Langas ilikuwa inakuja na kuondoka inavyotaka. Ampli yetu ilifungwa kwenye betri ya gari, kwa sababu Mama Rose alisema watu huvumilia giza lakini hawavumilii kimya. Zamani, stima ikipotea, Mzee Makokha alikuwa anamimina chai kutoka kwa thamosi, anakunywa taratibu, kisha anaanza hadithi kwenye maiki mpaka picha irudi. Tuliamua tusibadilishe. Giza likiingia, mimi kimya. Yeye chai. Akimaliza, anavuta uzi, mimi naanza hadithi.

Ilikuwa Jumapili mchana, mvua inapiga mabati, madirisha yamefungwa kwa magunia, na ukumbi umejaa mpaka watu wamekaa juu ya watu. Waliomba Bwana Mbao. Kitu ambacho sikuwahi kumwambia Mzee Makokha ni kwamba nikiigiza Bwana Mbao nilikuwa nafumba macho. Ilikuwa njia yangu ya kutokuwa pale.

Basi stima ikapotea, nami sikuona. Projekta ikazimika, shuka ikawa nyeusi, na mimi nyuma yake nikiwa nimefumba macho nikaendelea kudai chapati. Mzee Makokha akafuata kanuni yetu. Akaweka maiki kwenye goti, akamimina chai. Chumvi akawasha tochi ya simu yake na kuielekeza moja kwa moja usoni pake, kikombe kikiwa mdomoni.

"Mwalimu," Bwana Mbao alikuwa anapiga kelele kwenye spika zote mbili, "huyu mhudumu ananiangalia vibaya! Mwambie mimi si kuni!"

Nikasikia kimya ambacho si cha kawaida. Nikafungua macho. Giza. Nikaweka jicho kwenye tundu, nikamwona Mzee Makokha katikati ya mwanga, kikombe mdomoni, macho yake makubwa kama ya mwanasesere.

"Ala!" Chumvi akasema. "Mzee anakunywa chai na anaongea!"

Sekunde moja nilifikiri tumekwisha. Kisha ukumbi ukalipuka. Watu walisimama juu ya fomu. "Amejifunza kwa yule mzungu! Cheki, amefunga mdomo kabisa! Mzee, rudia! Kunywa tena!"

Uzi ukavutwa mara mbili. Sikuamini. Ukavutwa tena, mara mbili. Nikasema, kwa sauti nyembamba, "Chai haina sukari." Mzee akanywa. Paa lilitaka kuondoka. Mama Rose alikuwa ameshika mlango kama mtu aliye kwenye meli.

Pale tungeweza kuwa matajiri wa uongo. Watu wangetoka Soy na Cheptiret kumwona mzee anayeongea akinywa chai. Lakini Chumvi hakuwa mtu wa kuacha kitu.

"Basi shuka hapo, Mzee," akasema. "Kuja hapa katikati, uongee ukiwa na sisi. Bila maiki. Kama ni kweli ni kweli."

"Eee! Kuja katikati!"

"Wacheni mzee wa watu," mama mmoja akasema.

"Nani amemshika? Si aje tu!"

Nilimwona kwenye tundu. Aliweka kikombe chini. Alijua, na mimi nilijua, kwamba akishuka kwenye kile kiti hatapanda tena. Tochi nyingi zilikuwa zimewashwa sasa, zote kwake. Alishuka. Akatembea katikati ya fomu, polepole, na watu wakimpisha. Nikahisi kidole changu gumba kinavutwa.

Hakuvuta mara moja wala mara mbili. Alivuta na kuendelea kuvuta, kama mtu anayetoa mbuzi kwenye zizi.

Ningeweza kuvua uzi. Ulikuwa uzi wa gunia tu, fundo langu mwenyewe. Nimefikiria jambo hilo mara nyingi, na sijui kwa nini sikuuvua. Nafikiri ni kwa sababu uso wake, pale kwenye mwanga, haukuwa unaniamuru. Ulikuwa unaniomba. Nikainua shuka nikatoka, mkono mbele, maiki mkono mwingine, waya unaburuta nyuma yangu. Tochi zikanigeukia.

"Si huyu ni kijana wa kufagia?" mtu akauliza.

Mzee Makokha akavuta fomu, akaketi, akaonyesha shingo yake. Akafungua kitambaa. Kovu lilikuwa refu, liking'aa. Akaniangalia mimi, akawaangalia watu, akaniangalia tena. Alikuwa amewaambia. Hakuna lingine aliloweza kusema.

Mtu mmoja nyuma akaanza, "Kwa hivyo tumekuwa tukidanganywa…" na mwingine akadai arudishiwe kiingilio. Nikaona mabega ya Mzee Makokha yakishuka. Ule mwisho wa filamu aliokuwa anauficha kila mara ulikuwa unamjia yeye mwenyewe, na watu wamekaa tayari.

Halafu akafanya kitu. Akaacha mikono ianguke kando kama haina mifupa. Kichwa kikainama. Kisha kikainuka kwa kushtuka, kidogo, kidogo tena, kikageuka upande wangu, na mdomo ukafunguka: pa. Ukabaki wazi. Alikuwa ananingoja.

Sikuweza. Niliangalia viatu vyangu. Jasho lilikuwa linaingia machoni.

"Na sasa?" Chumvi akasema. "Nani amezima hii?"

Mdomo ukafungwa. Ukafunguka tena: pa. Nikaona meno yake, na nikaona kidevu kinatetemeka kwa kuchoka. Yule mtu alikuwa amefanya kazi ya mdomo maisha yake yote na sasa alikuwa ameukabidhi kwangu mbele ya watu wote. Nikaweka mkono wangu mgongoni kwake, kama yule bwana wa filamu. Shati lake lilikuwa limelowa. Nikasema kwa sauti ya Bwana Mbao, macho yakiwa wazi:

"Huyu kijana anafagia vibaya. Na mkono wake ni baridi."

Mtu mmoja akacheka. Chumvi. Sikutegemea awe yeye.

"Mzee, pole na ugonjwa," Chumvi akamwambia mwanasesere.

"Pole haijazi tumbo," Bwana Mbao akajibu, mdomo wa Mzee ukifunguka mara moja tu, pale panapofaa. "Chapati iko wapi?"

Basi wakaanza kuongea naye. Si na mimi, na yeye. Walimuuliza habari za hospitali, za Webuye, za mkewe, na alijibu yote, nikiwa na mkono mgongoni kwake, na alinisahihisha kwa kutikisa kichwa nikikosea. Stima iliporudi hakuna aliyeomba filamu. Mama Rose alitoa mayai bure, jambo ambalo halijatokea tena. Yule aliyetaka kiingilio alikula mawili.

Kuanzia siku hiyo tulifanya kazi mbele. Kiti kirefu kilikuwa chake, mimi nilisimama nyuma yake. Sauti yake haikurudi, lakini hakushuka kwenye kile kiti mpaka alipotaka mwenyewe, miaka mingi baadaye, alipokwenda kwao kulima. Mimi nilibaki nikitafsiri peke yangu mpaka simu zenu zilipomaliza fomu za Mama Rose. Pale sasa ni kinyozi. Aibu bado ninayo. Sikuponywa na kitu chochote. Nilijifunza tu kuongea nikiwa nayo.

Mzee Makokha alifariki mwaka jana, wakati wa kupalilia. Nilikwenda mazishi. Mama Brenda, mkewe, aliniomba niseme kitu, na nilipokuwa nimekwama mbele ya watu akasema, "Basi sema kama yeye. Tumsikie mara moja tu." Nikavuta ile pumzi ndefu. Nikasema, "Tulieni, tulieni." Watu wengi walilia. Lakini baadaye, tukiwa jikoni, Mama Brenda alinishika mkono akasema bila ubaya, "Asante, mwanangu. Lakini hiyo si yake. Hiyo ni yako. Yake ilikuwa nzito zaidi, na ilikuwa na kitu fulani mwishoni, hata sijui kukionyesha."

Tangu siku hiyo najaribu kumkumbuka na nasikia mimi mwenyewe. Niliivaa sauti yake miaka mingi mpaka ikachukua umbo langu, na ya kwake nimeipoteza. Hatukurekodi. Ilikuwa inaingia kwenye maiki, inatoka kwenye spika, inaisha kwenye mabati.

Kwa hivyo naomba. Kama ulikaa kwenye zile fomu kabla hajaugua, au baba yako alikaa, niandikie. Muachie Mama Rose barua hapa Langas, anajua niliko. Usijali mwandiko, mmeshaona wangu. Usiniandikie alichosema, hayo ninayo yote. Niandikie alivyosema: alipandisha wapi, alishusha wapi, alinyamaza kwa muda gani kabla watu hawajacheka. Nitaisoma kwa sauti kubwa, polepole, nikiwa peke yangu, na nitajua kama ni yeye.